Bitsy Grant: Kimo cha Mtu na Kimo cha Wavu

Macho ya watu hupenda kupima kabla akili haijaulizwa. Mtu mrefu aingiapo mahali huhesabiwa hodari ilhali hajatenda jambo, na mfupi hutakiwa athibitishe kila siku yale ambayo mwenzake amekopeshwa bila dhamana. Wahenga waliliona kosa hili, wakaonya kwamba mdharau mwiba mguu huota tende. Katika historia ya mchezo wa tenisi yuko mtu mmoja ambaye safari yake yote ya uwanjani yaweza kuitwa ufafanuzi wa methali hiyo. Mtu huyo ni Bryan Grant wa mji wa Atlanta, katika jimbo la Georgia, kusini mwa Marekani. Kimo chake kilikuwa futi 5 na inchi 4, yaani sentimita zipatazo 163, na uzito wake ratili 120, ambazo ni kilo 54 hivi. Watu walimwita Bitsy, neno la utani la Kiingereza lenye maana ya kitu kidogo mno. Waandishi wa magazeti walimwongezea lakabu nyingine, wakamwita muuaji wa majitu.

Lakabu hizo mbili, zikichukuliwa peke yake, huigeuza habari ya Grant kuwa hekaya kama zile za Sungura na wanyama wakubwa wa mwituni. Hekaya hufurahisha, lakini haielezi sababu. Kwa nini mtu mdogo kiasi hicho aliwashinda mabingwa wa dunia katika siku fulani, na kwa nini katika siku nyingine hakuweza? Anayeifuata habari yake kwa makini ataona kuwa udogo wa mwili ulikuwa kizuizi kimojawapo tu, wala haukuwa kikubwa kuliko vyote. Ardhi iliyochezewa, kanuni za fedha na rangi ya ngozi zilikuwa na nguvu zaidi katika kuamua nani ataitwa bingwa na nani hataitwa.

Grant alizaliwa mjini Atlanta siku ya Krismasi, akakulia katika nchi ya udongo mwekundu. Jambo hili si dogo. Katika miji ya kaskazini-mashariki ya Marekani, ambako vilabu vya matajiri vilishika hatamu za mchezo, uwanja wa heshima ulikuwa wa nyasi zilizokatwa zikawa fupi kama busati. Huko Kusini, tenisi ilichezwa zaidi juu ya udongo. Mpira uangukapo juu ya nyasi huteleza na kubaki chini, na mchezaji anayeupokea hupata nafasi ndogo ya kufikiri. Uangukapo juu ya udongo, hushikwa kidogo na ardhi, hupunguza mwendo na kuinuka juu. Mwenye pigo kali hunyang'anywa na udongo sehemu ya ukali wake, na mwenye miguu myepesi huongezewa muda wa kufika. Kwa hiyo kijana mdogo wa Atlanta alijifunza mchezo mahali ambapo ardhi yenyewe ilikuwa upande wake.

Matunda ya malezi hayo yalionekana mapema. Mwaka 1927, akiwa bado kijana mbichi, Grant alitwaa ubingwa wa majimbo ya Kusini, na kabla hajaiacha mashindano hayo alikuwa ameutwaa mara 11. Alisoma katika Chuo Kikuu cha North Carolina, na mwaka 1930 akawa bingwa wa Marekani nzima katika viwanja vya udongo. Taji hilo alilitwaa tena mwaka 1934 na mwaka 1935. Katika miaka iliyo kati ya 1930 na 1941 alihesabiwa mara 9 miongoni mwa wachezaji kumi bora wa nchi yake.

Ili kuupima ushindi huo inavyostahili, yafaa kwanza kuangalia kile alichonyimwa na kimo chake. Wavu wa tenisi una kimo cha futi 3 katikati. Mchezaji anayeanzisha mpira husimama nyuma ya mstari ulio futi 39 kutoka kwenye wavu, na mpira wake sharti uanguke ng'ambo, ndani ya futi 21 kutoka kwenye wavu huo huo. Mtu akichora mstari ulionyooka unaogusa ncha ya wavu na kuishia mwisho wa zile futi 21, kisha akaurudisha nyuma hadi anaposimama mwanzishaji, ataona kuwa mstari huo hupita hapo ukiwa juu ya ardhi kwa futi 8 na inchi 7 hivi. Mtu mwenye zaidi ya futi 6, akinyoosha mkono na raketi, hupita kimo hicho kwa urahisi. Aweza kuupiga mpira kwa nguvu zake zote, ukanyooka kama mkuki na bado ukaingia ndani. Mtu wa futi 5 na inchi 4 hubaki chini ya kimo hicho. Hana budi kupunguza nguvu au kuuzungusha mpira ili ujikunje na kushuka. Tena kanuni za siku zile zilimkataza mwanzishaji kuinua miguu yote miwili kabla ya kuupiga mpira, hata asiweze kujiongezea inchi chache kwa kuruka. Basi silaha kubwa ya tenisi ya kisasa, yaani pigo la kuanzia lisilorudishwa, Grant hakuwa nayo kwa sababu ya hesabu tu. Bidii yoyote isingempa.

Alichokuwa nacho ni miguu, macho na subira. Mchezo wake ulikuwa wa kurudisha. Mpinzani alipiga, naye akarudisha. Mpinzani akapiga kwa nguvu zaidi, naye akarudisha tena, safari hii karibu zaidi na mstari. Mpinzani alipoukaribia wavu ili amalize kazi, Grant aliuinua mpira juu ya kichwa chake, akamlazimisha kukimbia kurudi nyuma. Mchezo wa namna hii hauonekani mzuri kwa mtazamaji wa mara ya kwanza, kwa kuwa hauna pigo moja la kusimuliwa. Uzuri wake hujitokeza baada ya saa nzima, pale jitu linapoanza kupiga nje mipira ambayo mwanzoni lilikuwa likiiweka ndani bila shida. Bandu bandu huisha gogo, nayo ndiyo iliyokuwa elimu yote ya Grant.

Gogo la kwanza kubwa lilianguka mwaka 1933 huko Forest Hills, katika jiji la New York. Ellsworth Vines alikuwa amekuwa bingwa wa Marekani mwaka 1931 na mwaka 1932, na mwaka huo wa 1932 alikuwa pia ameshinda Wimbledon. Alikuwa mrefu na mwembamba, na pigo lake la kuanzia lilihesabiwa miongoni mwa mapigo makali kupita yote yaliyokuwa yameonekana hadi wakati huo. Katika raundi ya nne alikutana na Grant, akashindwa kwa seti tatu mfululizo, kila moja 6 kwa 3. Yafaa kusema kweli kwamba Vines hakuwa katika hali yake njema mwaka ule. Alikuwa amepoteza fainali ya Wimbledon kwa Jack Crawford wa Australia, na katika mashindano ya Kombe la Davis mjini Paris alikuwa amezimia uwanjani mbele ya Fred Perry wa Uingereza. Lakini ukweli huo haumpunguzii Grant sifa. Waonyesha tu namna alivyofanya kazi. Mchezaji wa kurudisha ni kama mdai asiyechoka kubisha mlango. Akimkuta mtu amechoka, hamwachi apumzike.

Jambo la kutazamwa zaidi ni kwamba ushindi huo ulipatikana juu ya nyasi, ambako ardhi haikuwa upande wake. Mwaka 1935, katika uwanja huo huo wa Forest Hills, Grant alimshinda Don Budge katika robo fainali. Budge alikuwa kijana mrefu mwenye nywele nyekundu kutoka California, naye ndiye aliyekuja kuwa, mwaka 1938, mtu wa kwanza kutwaa katika mwaka mmoja ubingwa wa nchi zote nne kubwa za tenisi, yaani Australia, Ufaransa, Uingereza na Marekani. Grant alifika nusu fainali ya mashindano hayo mwaka 1935, akasimamishwa na Sidney Wood. Akafika tena mwaka 1936, na safari hiyo aliyemsimamisha ni Fred Perry. Huko Wimbledon alifika robo fainali mwaka 1936 na mwaka 1937. Katika miaka hiyo miwili alihesabiwa miongoni mwa wachezaji kumi bora wa dunia.

Hata hivyo, fainali ya Forest Hills au ya Wimbledon hakuifikia kamwe, na hapa hekaya ya muuaji wa majitu hufika mwisho wa uwezo wake. Sungura wa hadithini hushinda siku zote kwa sababu msimulizi yuko upande wake. Mchezaji wa kweli hupaswa kushinda mechi nyingi mfululizo katika siku chache, dhidi ya watu wanaompiga makombora kila siku, ilhali yeye hupata kila pointi kwa kukimbia. Mrefu mwenye pigo la kuanzia aweza kupumzika wakati wa zamu yake ya kuanzisha. Mfupi hana mapumziko hayo. Juu ya udongo, ardhi ilimlipia Grant sehemu ya deni hilo. Juu ya nyasi alililipa peke yake.

Mizani hiyo ilionekana waziwazi mwaka 1937 katika Kombe la Davis, mashindano ya timu za mataifa. Marekani ilikuwa haijalishika kombe hilo tangu Wafaransa walipolinyakua mwaka 1927. Grant aliichezea nchi yake kuanzia mwaka 1935 hadi 1937, akacheza mechi 10 za mtu mmoja mmoja na kushinda 8. Mwaka 1937 yeye na Budge waliiongoza timu ya Marekani kuishinda Australia mechi 5 kwa sifuri. Kisha timu ikavuka bahari hadi Wimbledon kukutana na Ujerumani. Mshindi angepata haki ya kuwakabili Waingereza, waliokuwa wakilishika kombe. Grant alishindwa na Gottfried von Cramm, kisha akashindwa na Henner Henkel. Mechi mbili alizopoteza katika Kombe la Davis ni hizo. Kwa kuwa Budge alimshinda Henkel, na Budge pamoja na Gene Mako wakashinda mechi ya wawili wawili, hesabu ilisimama mbili kwa mbili. Mechi ya mwisho, ya tarehe 20 Julai, kati ya Budge na von Cramm, husimuliwa hadi leo: Budge alipoteza seti mbili za kwanza, akawa nyuma kwa gemu 4 kwa 1 katika seti ya tano, na hatimaye akashinda 8 kwa 6. Wasimuliaji husifu ushujaa wa Budge, na wana haki. Ila ni wachache wanaokumbuka kwamba ushujaa huo ulihitajika kwa sababu mtu wa udongo alikuwa amepelekwa kupigana juu ya nyasi. Katika duru ya mwisho dhidi ya Uingereza nafasi ya Grant ilishikwa na Frank Parker, na Marekani ikalitwaa kombe kwa mechi 4 kwa 1.

Kulikuwa na mizani nyingine, ya fedha. Katika siku zile mashindano makuu yote yalikuwa ya wachezaji wa ridhaa. Mchezaji wa ridhaa alilipiwa gharama za safari na malazi, lakini hakuruhusiwa kupokea ujira wala zawadi ya fedha. Aliyetaka kuishi kwa raketi yake alitoka katika mashindano hayo, akaingia katika misafara ya wachezaji wa kulipwa, na mlango ukafungwa nyuma yake. Vines alitoka baada ya msimu wa mwaka 1933, Perry mwishoni mwa mwaka 1936, na Budge mwishoni mwa mwaka 1938. Misafara hiyo iliishi kwa viingilio vya watazamaji, na watazamaji walitaka kuona bingwa wa Wimbledon, pigo kali na jina kubwa. Grant hakuvuka upande huo. Alibaki katika ridhaa, akaendelea kucheza Atlanta na kwingineko mwaka baada ya mwaka, huku majitu aliyowahi kuyaangusha yakiondoka moja moja. Kanuni ya ridhaa ilisifiwa kuwa ni kanuni ya waungwana, lakini ilimtaka mtu awe na riziki nyingine, na katika miaka ile ya mdororo mkuu wa uchumi masharti hayo yaliwafungia nje maskini wengi kwa utulivu kuliko ukuta wowote.

Mizani ya tatu ilikuwa nzito kuliko zote, na Grant hakuwahi kupimwa nayo kwa kuwa alizaliwa upande uliopendelewa. Katika miaka aliyokuwa akisifiwa kwa kuushinda udogo wake, Chama cha Tenisi cha Marekani hakikuwaruhusu watu weusi kucheza katika mashindano yake. Mwishoni mwa mwaka 1929 vijana wawili weusi, Reginald Weir na Gerald Norman, walikataliwa kushiriki mashindano ya vijana ya viwanja vya ndani mjini New York. Kasoro ya mchezo haikutajwa. Waliambiwa kuwa rangi yao hairuhusiwi. Weusi walikuwa na chama chao wenyewe, kilichoundwa mwaka 1916 mjini Washington, na mabingwa wao wenyewe, na mashindano yao makuu yalifanyika pia huko huko Kusini, katika chuo cha Tuskegee, jimbo la Alabama, lililopakana na Georgia. Mmoja wa mabingwa hao alikuwa Jimmie McDaniel wa Chuo Kikuu cha Xavier mjini New Orleans. Mwaka 1940 Budge, aliyekuwa tayari mchezaji wa kulipwa, alicheza na McDaniel katika klabu ya weusi huko Harlem, akamshinda 6 kwa 1 na 6 kwa 2. Matokeo hayo hayathibitishi kwamba McDaniel hakuwa hodari; yathibitisha kwamba mtu asiyeruhusiwa kupambana na walio bora hana mahali pa kuunolea makali yake. Grant alikutana na Budge mara kwa mara, akajifunza kutokana na kushindwa, na siku moja akashinda. McDaniel alipewa alasiri moja tu.

Kwa hiyo mataji 11 ya Kusini na mataji matatu ya udongo yalikuwa ya halali kwa kanuni za wakati wake, lakini kanuni zenyewe ziliiacha nje sehemu kubwa ya watu wa Kusini. Kulisema hili si kumshtaki Grant kwa sheria ambazo hakuzitunga. Ni kuiweka sifa yake mahali pake. Watazamaji waliomshangilia mtu mfupi kwa sababu aliwakanusha waliompima kwa macho, walikuwa wao wenyewe wakiwapima jirani zao kwa macho kila siku, wala hawakuona mgongano wowote katika jambo hilo. Baadaye mji wa Atlanta ulikipa kituo cha tenisi cha umma jina la Bitsy Grant, na yeye mwenyewe yu hai. Mwaka 1955 Mahakama Kuu ya Marekani iliamuru viwanja vya gofu vya mji huo huo wa Atlanta visiwabague watu kwa rangi. Kabla ya hapo hata nyasi za serikali zilikuwa na wenyewe.

Uzee ulimletea Grant haki ambayo ujana ulimnyima. Katika mashindano ya wazee, yanayogawanywa kwa umri, alitwaa mataji 19 ya Marekani, kuanzia kundi la waliotimiza miaka 45 hadi la waliotimiza miaka 65, juu ya udongo na juu ya nyasi pia. Sababu yake si ngumu kuieleza. Pigo kali ni mali ya ujana, na mwenye kuitegemea hufilisika mapema. Subira na macho ya kuusoma mpira haviishi upesi. Majitu yalipozeeka, tofauti ya inchi ilipungua thamani, na yule aliyezoea tangu utotoni kucheza bila msaada wa nguvu hakuwa na jambo jipya la kujifunza. Mwaka 1972 jina lake liliandikwa katika Ukumbi wa Sifa wa Tenisi huko Newport. Alifariki mwaka 1986.

Vizuizi vile vingine vilianguka taratibu, kwa mikono ya watu wengine. Mwaka 1950 Althea Gibson alikuwa mtu mweusi wa kwanza kucheza katika mashindano makuu ya Forest Hills, na mwaka 1957 akawa bingwa wake. Mwaka 1968 mashindano hayo yalifunguliwa kwa wachezaji wa ridhaa na wa kulipwa kwa pamoja. Mshindi wa mwaka huo alikuwa Arthur Ashe, mwana wa Richmond katika jimbo la Virginia, mji wa Kusini ambao katika utoto wake ulimfungia viwanja vya weupe. Kwa kuwa alikuwa bado mchezaji wa ridhaa, hakuruhusiwa kupokea dola 14,000 za zawadi. Zilichukuliwa na aliyemshinda katika fainali. Ukuta mmoja ulikuwa umemwachia njia, na mwingine ulikuwa bado umesimama mbele yake.

Maisha ya Bitsy Grant yana faida kwa mwanafunzi wa historia, mradi asiyasome nusu. Nusu ya kwanza yasema kwamba kimo si hoja, na ni kweli, kwa maana Vines na Budge waliiona kweli hiyo kwa macho yao. Nusu ya pili yasema kwamba kimo kiliweza kushindwa kwa sababu mwenye kimo kile aliruhusiwa kuingia uwanjani, akarudi tena alipoanguka, akapewa miaka ya kutafuta jibu. Futi 8 na inchi 7 ni kimo ambacho mtu mdogo aliweza kukizunguka kwa miguu na akili. Lango lililofungwa kwa rangi halikuwa na njia ya kulizunguka, lilihitaji kuvunjwa.